Ufagio wa Kumwamshia Baba

Mpaka leo nikinusa dawa ya viatu, mkono wangu unatafuta mpini wa ufagio. Msinicheke, nitawaeleza.

Baba alikuwa mwanajeshi aliyerudi kutoka vitani, kisha akapata kazi ya kulinda ofisi moja Nakasero, zamu ya usiku. Mchana alilala katika chumba chetu cha Kamwokya, viatu vyake vikinukia dawa pale mlangoni, muziki wa majirani ukitikisa mabati. Jioni mimi ndiye niliyemwamsha, na Mama alikuwa na sheria yake: simama mlangoni, mguse unyayo kwa mpini wa ufagio, halafu rudi nyuma. Baba aliamka akicheka. "Huyu Aber mvivu jamani, hata kuingia ndani kunamshinda!" Nami nilijiona mtu wa maana. Wasichana wa jirani walipiga magoti kuwaamkia baba zao. Sisi tulikuwa na ufagio. Nilidhani ndiyo heshima ya kwetu kaskazini.

Ndipo akaja Anti Njeri kutoka Nairobi na kamera yake. Alikuwa anatengeneza filamu kuhusu maisha ya watu baada ya vita. Alituletea maandazi, akacheka na kila mtu, na sisi watoto tukamganda.

Siku moja, Mama akiwa sokoni, Anti alitaka kumpiga picha Baba akiamka kwenda kazini. Nilipochukua ufagio akaninyang'anya kwa upole.

"Hapana, mpenzi. Watu watasema humheshimu baba yako. Nenda umshike bega."

Mkubwa ameshasema, ningebisha vipi? Nikaenda.

Mkono wa Baba ulinikaba shingo kabla hajafumbua macho. Hata kulia sikuweza, pumzi haikupita. Anti akapiga kelele, Baba akazinduka, akaniona, akaniachia. Alikaa kitandani akiutazama mkono wake.

Mama alitukuta hivyo, nyanya zikamponyoka. "Banange! Ufagio uko wapi?"

Baba akamgeukia. "Kumbe hii ndiyo kazi ya ufagio?"

Mama akainama kuokota nyanya. Anti alilia, akisema atazifuta picha zote. "Hukujua," Mama alimwambia, "lakini ungeuliza."

Tangu siku hiyo Baba hakulala tena nyumbani. Alijibanza kwenye kibanda cha walinzi, akija kula tu na kuondoka. Niliumia sana. Nilijua amenichukia, na miaka mingi nilimnunia. Nilipozaa mwenyewe ndipo nikaelewa: Mama alikuwa amemficha Baba jambo moja, kwamba akiguswa usingizini mikono yake hurudi vitani, ili alale kwake kama wanaume wengine, amcheke binti yake mvivu, basi.

Mwaka jana, mzee sasa, alikubali kuja kulala kwangu Luzira. Alishuka kwenye bodaboda na mfuko wa nguo na ufagio mpya wa mpini mrefu. Akamkabidhi mwanangu.

"Simama mlangoni," alimwambia. "Unyayo tu. Halafu rudi nyuma, nikucheke."