Nyumba ya chokaa kabla ya nyumba ya matofali

Saa moja kasorobo asubuhi, na Twiga ameshapiga magoti kwenye kiwanja kitupu, mkononi ana kopo la maziwa lililotobolewa chini. Kila akilitikisa, chokaa inamwagika mstari mweupe kufuata kamba. Sebule hiyo. Vyumba vitatu hivyo. Nyuma kabisa, karibu na mahali litakapokaa tangi la maji, anachora kisanduku cha futi sita kwa saba, kisha anasimama na kukitazama kama mtu aliyepunjwa dukani.

Hilo ndilo jiko.

Jina la Twiga alipewa na vibarua kwa sababu ya urefu wake. Zamani walilitaja akishawapa kisogo. Siku hizi wanamwita hivyo waziwazi naye anaitika. Ana miaka arobaini na mitatu, na kwa miaka kumi na sita ya uashi amejenga nyumba ishirini na saba. Alianza kwa kubeba maji ya kuchanganyia zege, kwa nusu ya ujira wa wanaume waliobeba ndoo zile zile. Mwiko aliushika siku fundi mmoja alipougua, na hakuurudisha tena.

Leo yuko njia panda. Vibarua wake wanne wamekaa na sururu zao wakingoja neno lake. Mwenye nyumba, dereva wa lori aliyestaafu, anataka mtaro wa msingi uanze kuchimbwa kabla jua halijawa kali. Msingi ukishamwagwa, jiko litabaki hapo maisha, na Twiga anataka lihamishwe. Mwezi uliopita mteja mwingine alimtimua kwa kusema hivyo hivyo. Akitimuliwa tena, watu watano watakaa nyumbani wiki zote tisa za kazi hii.

"Ramani imeshagongwa muhuri," mzee anasema, kwa upole wa mtu asiyetaka mjadala. "Wewe jenga tu, fundi."

Ramani yenyewe ni nzuri, kwa mgeni. Sebule imepewa madirisha manne na baraza la kupunga upepo. Jiko limepewa mlango mmoja na kidirisha ambacho hata paka akitaka kupita itabidi ajibane. Mchora ramani alikaa na mzee mara tatu. Mke wa mzee, ambaye amepika katika kila nyumba waliyopanga kwa miaka thelathini na moja, hakuulizwa hata mara moja. Asubuhi hii amekuja na chupa ya chai, na amesimama nje ya mistari kana kwamba amepita kusalimia tu.

Twiga hamlaumu mzee. Yeye mwenyewe aliwahi kuboronga, na hafichi. Nyumba ya kwanza aliyoijenga kwa fedha zake ilikuwa ya mama yake mzazi. Akamwekea jiko la fahari, kaunta nzima ya zege, na kimo chake akakipima kwa kiuno chake mwenyewe. Mama yake ni mfupi. Kwa miaka miwili bibi wa watu alipika akiwa amesimama juu ya tofali, na kila aliposikia hatua za binti yake alilisukumia chini ya kaunta.

"Nililikuta siku nilipokwenda bila kusema," anasimulia Twiga. "Nililia kama mtoto. Mimi mwanamke, tena fundi, na mama yangu mwenyewe sikumuuliza. Mwanamume nitamlaumu nini?"

Tangu siku hiyo hachimbi msingi kabla mpishi hajasimama ndani ya chokaa. Anamwomba ajifanye anapika: ageuke, ainame, abebe ndoo. Mwanzoni vibarua walimcheka mpaka mbavu zikawauma. Sasa wao ndio wanaoleta ndoo.

Leo anabadilisha kidogo. Anamwomba mzee ndiye aingie. Mzee anasita, anamtupia mkewe jicho, anaingia. Twiga anampa karai la maji, ndiyo sufuria. Matofali mawili chini ndiyo jiko la gesi, na kibarua mmoja mnene anasimama kuwa mlango. Mzee anageuka na karai lake, anamgonga mlango tumboni, maji yanamlowesha viatu. Anajaribu tena, anakanyaga ukuta. Vibarua wanaangua kicheko na mzee, kwa sifa yake, anacheka nao.

Kisha hacheki tena. Anaweka karai chini na kumwita mkewe, anamuuliza yeye angependa jiko likae wapi.

Mama mwenye nyumba haingii kwenye kile kisanduku. Anatembea taratibu mpaka mbele, anavuka mstari wa sebule na kusimama kwenye kona yake.

"Hapa," anasema. "Miaka thelathini na moja nasikia mnavyocheka sebuleni, na sijui mnacheka nini. Nikija na chai, mmeshamaliza."

Mzee anaanza kufuta mstari kwa soli ya kiatu chake kilicholowa, na Twiga anamzuia. Ramani itarudi kwa mchoraji isahihishwe na kugongwa muhuri upya, anamweleza, na wakati huo vibarua watachimba upande wa vyumba, ambao haubadiliki. Mzee anakubali. Twiga na vibarua wake hawajapoteza kazi.

Sururu zinaanza kulia. Mama anammiminia Twiga chai na kumdodosa habari za kwake. Twiga amepanga chumba kimoja na binti yake aliye sekondari, wanapika koridoni. Ana kiwanja kidogo alichokilipia kwa miaka sita, na mwakani anataka kuanza kujenga.

"Na wewe mwanangu," mama anauliza, "jiko lako utaliweka wapi?"

Twiga amejenga nyumba ishirini na saba, na hilo hakuna aliyewahi kumuuliza. Furaha inampanda mpaka inabidi atazame pembeni.

"La kwangu bado sijajua, mama," anasema. "Ila binti yangu nimeshamuuliza. Anataka chumba chenye meza, na mlango unaofungwa kwa ndani. Msingi nitauanzia hapo."