Machozi Yasiyofutwa

Asubuhi ile mama yangu alikuwa anatwanga sombe, majani ya muhogo, huku analia. Jirani alichungulia juu ya ua, akaona ni yeye, akaenda zake. Mtaa wetu mzima wa Bukavu ulijua kwamba Jumapili kanisani kulikuwa na mchezo wa kuigiza, na mama ndiye mjane. Machozi yalimjia akiyaita. Nilipomnyooshea kitambaa aliusukuma mkono wangu.

"Machozi ya muchezo hatupanguse," akasema. "Batu ya nyuma bataona nini?"

Mchezo wenyewe haukuchezwa. Kabla ya Jumapili kufika, wanajeshi waliingia mjini.

Naandika haya Birmingham, na kilichonisukuma ni mama wa mtu mwingine. Nafanya kazi ya kuhudumia wazee majumbani, na kila asubuhi naanzia Shard End kwa Bibi Hana. Yeye alizaliwa Prague. Mama yake alikuwa mwigizaji wa filamu zama zile filamu hazijaanza kusema. Aliingia studio kushona mavazi. Siku moja mwigizaji hakutokea, wakamsukuma mbele ya kamera na sindano bado imechomekwa kwenye ukosi. Kwa miaka kadhaa uso wake ulibandikwa kwenye kuta za mji. Sauti ilipokuja, wakubwa wakasema lafudhi yake ni ya shamba, akarudi kwenye sindano. Kisha Wajerumani wakaingia, na kwa kuwa alikuwa Myahudi, hata sindano wakamnyang'anya. Akampandisha bintiye treni ya watoto waliokuwa wanapelekwa Uingereza. Yeye akabaki, akafia kambini. Filamu zake zikapotea moja baada ya nyingine.

Bibi Hana alikuwa na hasira naye, na hakuificha.

"Wenzake walilia pale kituoni," aliniambia. "Wangu alicheka mpaka treni ikaondoka. Mtu anamwacha mtoto wake huku anacheka?"

Majira haya ya baridi watu wa hifadhi moja ya filamu za kale huko Prague wakapata kipande cha filamu ya mama yake, wakamtumia kwenye tableti. Hakutaka kukifungua peke yake. Akaniambia niketi. Sasa kuniambia mimi niketi ni kazi bure. Nimeshazoea kusimama karibu na mlango. Kituo cha mabasi cha Digbeth viti vinakuwa vitupu na mimi nimesimama na begi begani, eti tayari. Tayari kwa lipi, sijui. Nilikwenda dirishani, nikarudi, nikaenda tena.

"Unanitia kizunguzungu," akasema Bibi Hana. "Keti, au niambie unachokimbia."

Nikamwambia, nimesimama hivyo hivyo.

Wanajeshi walikuwa wanachukua vijana wawabebee risasi, na waliochukuliwa hawakurudi. Kaka yangu Bahati alikuwa na mabega mapana, mtu wa kuchukuliwa wa kwanza. Lakini kwetu msiba hupishwa njia, hata na mwenye bunduki. Mama akamlaza Bahati kwenye machela, akamfunika shuka mpaka kichwani. Majirani wakabeba. Mimi nilishika mti wa nyuma.

Kizuizi cha wanajeshi kilikuwa chini ya kilima.

Mama akaanza kulia.

Nilijua kaka yangu yu hai, nilimsikia akipumua, na bado nililia kwa jinsi mama alivyolia. Askari mmoja akashika ncha ya shuka.

"Ni kolera, chef," mama akasema, kama anayeongea na mkubwa. "Usimuguse."

Kusikia kipindupindu, akaachia.

Tulikuwa tumeshapita askari yule alipoita. Alimwita mama tu. Kamanda wao alikuwa amelala maiti nyuma ya nyumba, na hawakuwa na mwanamke wa kumlilia. Kwetu maiti haizikwi kimya, hata ya mtu kama yule.

"Weye mama unajua kulia. Kuya utulilie wetu."

Angekataa, wangefunua shuka.

Akaenda nao, bado anamlilia Bahati kwa jina. Hatukusimama. Sauti yake ilitufuata kilimani, ikapungua, ikakatika.

Hakurudi. Tulimngoja miaka katika kambi ya wakimbizi. Bahati sasa anakaa Winson Green, hapa hapa mjini, na nikimtajia matanga ya mama ananyanyuka na kuvaa koti. "Ulimuona amekufa?" ananiuliza. Msiba mmoja wa uongo ulimtosha, anasema, wa pili hautaki. Mpaka leo mama hajaliliwa, na jambo hilo linaniuma kuliko yote.

Bibi Hana hakunipa pole. Alibonyeza ile tableti.

Mwanamke mwenye kofia alitokea, anamuaga mtu aliye kwenye gari la farasi. Akacheka bila sauti: kichwa nyuma, kiganja kimelala chini ya koo, mabega yanatikisika. Bibi Hana akasimamisha. Akarudisha. Akatazama tena.

"Hivyo hivyo," akasema. "Kituoni. Mkono ule ule."

"Basi hakuwa anacheka, Bibi," nikamwambia. "Alikuwa kazini."

Alilia kama mtoto, na mimi nikajikuta nimeketi ukingoni mwa kitanda chake, nimemshika mkono, nimeupa mlango mgongo. Alipotulia akaniuliza:

"Na wako? Naye alikuwa kazini?"

Swali hilo sikuwahi kumruhusu mtu aniulize. Pale kizuizini, ndiyo, alikuwa kazini. Machozi yalimteremka mpaka kidevuni na hakuyagusa, kwa kuwa ya mchezo hayapanguswi. Lakini alipogeuka kwenda na wale askari, nilimwona akiinua pindo la kitenge chake na kujipangusa macho.

Bahati hakuona. Alikuwa chini ya shuka. Jumamosi nitakwenda Winson Green kumwambia, na safari hii nitavua koti.