Nusu ya Jamvi

Mama hakutaka uso wake uingie kwenye picha. "Piga mikono," aliniambia. "Mikono haina haya." Basi nikaiweka kamera chini, juu ya kopo la pishi la kupimia karafuu, lililopinduliwa, nikaiacha ifanye kazi.

Shule niliishia kidato cha pili, na filamu hakuna aliyenifundisha. Zangu hazina waigizaji wala hadithi. Ni nyumba yetu, na mimi peke yangu naziunga.

Mama alipofariki niliutazama mkanda ule mara nyingi. Yuko kushoto, anachambua karafuu: makonyo, vile vijiti vyake, huku, karafuu huku. Kulia hakuna mtu, ni jamvi tupu. Mjuzi mmoja wa kazi hii, huko Chake Chake, aliniambia niukate upande ule kwa kuwa hauna kitu.

Nikakumbuka kwamba siku ile nilitaka kukaa pale nimsaidie, Mama akanizuia: "Kaa kwengine."

Palikuwa mahali pa mdogo wake, walipokuwa wakichambua pamoja. Vyama vingi vya siasa vilipoingia, kila mmoja alishika chake, wakaacha kuamkiana. Kijiji chetu cha Konde kizima tulikuwa hivyo, hawa na duka lao, wale na duka lao, hata maziko hatukuzikana. Mama mdogo hakuja kumzika dada yake, na kwake ni nyumba ya tatu kutoka kwetu.

Sikuukata. Lakini sikuweza kuuonyesha kwa watu kabla yeye hajauona. Asubuhi moja nikamwendea.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba. Umebeba nini?"

"Picha ya Mama. Ukisema nisiwaonyeshe watu, siwaonyeshi."

Alitazama kwenye kioo cha kamera, amesimama, ufagio mkononi.

"Kamera yako haina shingo? Mbona haigeuki?"

"Niliiweka tu."

"Na dada naye! Anachambua kama anatoa miba ya samaki." Akacheka kidogo.

Kwenye picha, mkono wa Mama ulimega fungu la karafuu, ukalisukuma upande mtupu, kisha ukalirudisha. Mimi mwenyewe nilidhani anatafuta nafasi tu.

Mama mdogo akaweka ufagio, akakaa chini.

"Hapo pangu," alisema. Baadaye akasema, "Irudishe." Nikairudisha, akalia bila sauti, nami vilevile.

Nilipokuwa naondoka aliniambia, "Waonyeshe. Wala usiikate."

Sijui kama walisameheana. Mmoja hayupo, siwezi kumsemea.

Msimu wa karafuu uliofuata mama mdogo aliingia barazani kwetu bila kuitwa, na ungo wake kwapani.

"Iko wapi hiyo kamera isiyo na shingo? Iweke palepale. Na uso wangu usiutie."

Akakaa kulia. Nikabonyeza kitufe, nikarudi nyuma kama kawaida yangu.

"Na wewe umesimama unangoja nini?" Akamega fungu, akalisukuma kushoto. "Kaa hapo. Karafuu hazijichambui."

Nikakaa.