Siku Serikali ya Ufaransa Ilipoanguka

Majuzi nilimwona mzee barazani akiandika huku redio ndogo i sikioni, nikamkumbuka baba yangu. Kila alasiri, chumba kikinuka udi na wino, alisikiliza redio iliyokuwa ikikoroma habari za Ulaya, akaandika daftarini nani kamshinda nani huko Ufaransa.

"Washaiangusha," alisema siku ile, kalamu ikienda mbio. "Serikali imeanguka tena."

Nilidhani Serikali ni jumba, kama yale ya mawe yaliyoporomoka mtaani kwetu kila masika. Sikujua bado kuwa huangushwa kwa kura. Nilitoka mbio pekupeku hadi kwa jirani yetu mkongwe, Bi Zuhura, nikifurahi kuwa wa kwanza kubeba habari kubwa namna ile.

"Serikali ya Ufaransa imeanguka, na watu wamo ndani."

"Maskini. Wangapi?"

"Wote."

Bi Zuhura akavaa buibui, akaja kutoa pole. Baba alicheka mpaka akatoka machozi, kisha akamweleza kwa adabu ugomvi wote, chama kwa chama. Bi Zuhura alisikiliza bila ya kupepesa jicho.

Tangu hapo kila alasiri alikuja na birika lake la kahawa, na kabla hajakaa aliuliza: "Haya, leo kaanguka nani?"