Samaki Aliyepakwa Unga kwa Bahati Mbaya

Mwoka mikate wa mtaa ule alibandikwa jina la Hamira, kwa kuwa furaha ndogo tu ilitosha kumuumua. Jumapili hiyo alikuwa ameumuka tangu alfajiri. Fundi cherehani wa ghorofa ya juu, mwanamke aliyemkosesha usingizi tangu msimu wa joto uanze, alikuwa amekubali kuja kula chakula cha mchana.

Kasoro ilikuwa moja. Fundi huyo alikuwa ameacha unga, wali, maharage na sukari. Joto, alisema, lilimfanya atamani kula kama watu wa kale kabla jembe halijabuniwa: samaki, mboga, matunda na korosho. Dada yake Hamira, ambaye ndiye aliyeuza dukani, aliposikia hayo alicheka mpaka akaketi juu ya gunia. Wanawake wote waliojaa duniani, alisema, na kaka yake amekwenda kumpenda huyu asiyeonja hata skonzi. Alipokwisha kufuta machozi akamwekea sharti: mgeni akimmaliza samaki, amwombe uchumba papo hapo, akibakisha nusu, azungumzie hali ya hewa na kumsindikiza mlangoni. Hamira akaapa kulishika sharti hilo.

Basi Jumapili ilipofika, akaingia jikoni nyuma ya duka. Akamparua samaki magamba, akamchanja mbavuni, akamsugua chumvi, tangawizi na kitunguu saumu. Akakata matango na embe, akaponda korosho za kunyunyizia juu. Kazi yote aliifanya huku akiimba, na ufagio uliokuwa karibu alicheza nao kidogo. Alipotazama mezani, akaacha kuimba. Samaki alikuwa mweupe kichwa hadi mkia.

Mikono yake ndiyo iliyofanya hivyo bila kumuuliza. Kama ilivyozoea kila asubuhi, ilikuwa imenyunyiza unga mezani, ikamlaza samaki, ikamgeuza upande wa pili. Hata kumkanda ilikuwa imemkanda kidogo.

Akamkimbiza bombani. Unga ukageuka uji, viungo vikaenda na maji, na samaki akamponyoka, akaangukia ukingo wa sinki, tumbo likachanika mpaka karibu na mkia. Wakati huo huo mlango ukagongwa.

Hamira angeweza kunyamaza, lakini mikono yake ilikuwa myeupe hadi viwikoni.

"Dada fundi," alisema, "nimempaka unga. Nimemwosha, ila siwezi kukuapia kwamba hakubaki hata chembe."

Fundi alimtazama samaki, akamtazama yeye, akauma mdomo asicheke.

"Kwani nani alikwambia chembe itaniua? Mimi siumwi, kaka. Nasikia joto tu. Lete uzi."

Akachomoa sindano iliyokuwa kwenye ukosi wa gauni lake. Wakamjaza samaki vipande vya limau na majani ya nanaa, naye akamshona tumbo kwa mishono midogo iliyonyooka kama pindo la sketi, akisema amewahi kuwapima maharusi waliofurukuta kuliko huyu. Samaki akaingia kwenye tanuri la mikate, na baada ya muda mfupi jiko zima likanukia limau.

Walikula uani, chini ya shuka lililotandazwa kwenye kamba za kuanikia. Hamira hakumeza kitu. Macho yake yalikuwa kwenye sahani ya mgeni. Ilipofika nusu, fundi akaweka uma chini. Hamira akaanza kutafuta la kusema juu ya hali ya hewa. Kumbe mwenzake alikuwa anakunja mkono wa gauni tu, kisha akamgeuza samaki na kuendelea. Alimla hadi kichwa akakifyonza, na uzi akauweka pembeni ya sahani.

Hamira akafungua mdomo. "Leo kuna joto," alisema, akajichukia.

"Dada yako aliniletea gauni jana," fundi akamjibu taratibu, "akanieleza sharti lenu lote. Mifupa hiyo hapo. Ya hali ya hewa tutayamaliza kesho."

Hamira akamwomba uchumba basi, kwa sauti iliyopanda na kushuka. Fundi alikuwa hajamaliza kuitikia kwa kichwa wakati kigelegele kilipopasuka nyuma ya pazia la duka, kikifuatwa na kishindo cha trei nzima ya skonzi kuanguka sakafuni.