Siku Niliyouliza Nani Angefungua Mlango

Aibu hii sijaisimulia popote, na nikiianza leo ni kwa sababu mmenibana, kila mara mkiniuliza kwa nini siku hizi jumuiya ikija kwetu mimi huketi kimya kama mgeni.

Nilikuwa nimemaliza chuo, kazi sina, maneno ninayo. Mhadhiri wangu alikuwa ameniazima vitabu vitatu vya profesa mmoja, mama mzee, ambaye maisha yake yote ameandika juu ya mauaji ya kimbari, juu ya chuki dhidi ya Wayahudi, na juu ya swali moja lisilomwacha: mtu ambaye hakuua, ila alisimama dirishani akatazama jirani akichukuliwa, ana hatia gani? Nilivisoma kitandani, nikavisoma kwenye foleni ya maji, nikapiga mistari kwa penseli (vitabu vya wenyewe, ndiyo, najua), na kufikia Kwaresima nilikuwa mtu asiyevumilika. Ukiniambia umechoka, nakuuliza umechoka kwa niaba ya nani.

Tunakaa mtaa wa Mbotela, chumba kimoja kilichokatwa kati kwa pazia, na jumuiya yetu ndogo ya kanisa huzunguka nyumba hadi nyumba kila Jumatano jioni: Injili inasomwa, kila mtu anasema neno lililomgusa, kisha chai. Wiki moja kabla ya mkasa huu mwenyekiti wetu Mzee Kimeu, dereva mstaafu, mpole asiyeweza kufukuza hata paka, alifunga Biblia akasema, "Hawa Wayahudi ndio walimuua Bwana wetu, ndiyo maana wameteseka hivyo," na watu wakaitikia mmm, kama walioambiwa mvua itanyesha. Ningeweza kumngoja nje nikamweleza polepole. Nikaamua nitamjibu mbele ya watu, na zamu iliyofuata ilikuwa ya nyumba yetu.

Watu kumi na wawili wakabanana ndani, wengine juu ya kitanda changu. Mama Beti, fundi cherehani wa mlango wa nne kutoka kwetu, aliweka kigoda chake kizingitini, nusu ndani nusu nje. Tangu nipate akili, jumuiya ikija kwetu huketi pale, akisema anahisi joto. (Kwa wengine huingia hadi ndani kabisa na kuimba kuliko wote. Mimi, mhoji wa kila kitu, hilo sikuwahi kulihoji.)

Nikainuka na kitabu. "Leo Profesa wetu kijana ametuletea Injili ya tano," Mzee Kimeu akasema, watu wakacheka, na kicheko kile kikanichoma. Nikasema Yesu alikuwa Myahudi, mama yake Myahudi, mitume Wayahudi, na walioshika misumari walikuwa askari wa Kirumi. Nikasema maneno kama yale ya Mzee yalisemwa makanisani karne nyingi na watu wapole, wenzao wakiitikia mmm, hadi Wayahudi walipotolewa majumbani mwao na majirani wale wale wapole wakavuta mapazia.

"Hilo la askari nilikuwa nimelisahau, kijana wangu," Mzee akasema, na kofia akavua.

Hapo ningeketi. Lakini nilikuwa nasikilizwa, na utamu wa kusikilizwa mnaujua.

"Fumbeni macho, kama tunavyofanya tukiomba," nikasema. "Jirani yako anawindwa. Anagonga kwako. Nani atafungua? Inua mkono."

Mikono yote ikapanda isipokuwa wa Mama Beti na wa mama yangu, aliyekuwa ameshika birika. Na mimi, mjinga, nikamchagua mama.

"Fumbueni macho muone. Mwenye nyumba ndiye hafungui."

Wakacheka. Mama hakucheka. "Kevo, keti unywe chai."

"Jibu kwanza, mama. Kitabu kinasema kunyamaza pia ni kutenda."

Ndipo Mama Beti akasema kutoka mlangoni, kwa sauti ya chini, kama anayemwambia mteja nguo haijawa tayari, "Mwache mama yako. Mimi niligonga."

Hakuna aliyeuliza lini. Wote tulijua zile vurugu za baada ya uchaguzi, vijana walipopita na mapanga mchana kweupe wakidai vitambulisho ili wajue kabila la mtu, Baba Beti akachukuliwa, tukamzika. Nilikuwa na miaka sita. Kwamba alichukuliwa nilijua; mahali alipokuwa amesimama wakimchukua, sikujua.

"Mlango huu," akasema, akiushika kwa kiganja. "Tulikuwa wawili, mimi na yeye. Niliita, Mama Kevo, Mama Kevo. Nikasikia mtoto akikohoa ndani."

Mtoto huyo ni mimi. Nikakumbuka kitu nilichozoea kukisimulia kama kichekesho cha utotoni: mama aliponivuta chini ya kitanda, akaniziba mdomo kwa mkono wenye harufu ya kitunguu, tukacheza mchezo wa kunyamaza, nami nikashinda, kwa sababu mimi nilikohoa mara moja tu, na yeye hakuacha kutetemeka.

Mama akatua birika. "Nilikusikia, Mama Beti."

"Najua."

"Miaka hii yote sijajua niseme vipi."

"Ulipika chai ya matanga siku zote. Nilijua unasema."

Akachukua kigoda chake akaondoka. Mzee Kimeu alianzisha wimbo, hakuna aliyeupokea. Wakatoka mmoja mmoja wakisema asante kwa chai, chai ambayo hakuna aliyeinywa.

Mama hakunigombeza, na afadhali angenigombeza. Akiosha vikombe ambavyo havikuchafuka, aliuliza tu, "Hicho kitabu, kinasema ningefanya nini na wewe?" Nilifungua, nikapekua mbele na nyuma, nikijifanya natafuta ukurasa.

Jumatano iliyofuata alienda kugonga kwa Mama Beti. Nilimwona nikiwa mlangoni petu. Cherehani ilikuwa ikilia ndani. Ikanyamaza kidogo, kisha ikaendelea. Mama akaketi kizingitini pale hadi giza likaingia, akarudi. Bado huenda. Mama Beti kwetu haji tena, hata kizingitini.

Vitabu nilivirudisha, mistari ya penseli nimeifuta. Sisemi vilikosea. Ila nimeapa kwamba sitamwambia tena mtu ainue mkono mbele ya watu juu ya mlango nisioujua, maana ule niliokuwa nikiuhubiri, mimi nilikuwa ndani yake, nikikohoa.