Mkasi na Sauti ya Mama Yake

Pale studio walimwita Mkasi, maana kazi yake ilikuwa kukata. Filamu ikija na masaa ya maneno, yeye ndiye aliyeamua lipi libaki. Na safari hii filamu ilihusu watu wa dini yake mwenyewe, wale wachache wanaosali madirisha yakiwa yamefungwa. Mtaani huitwa wachawi, hata salamu hunyimwa.

Watu hao hawapigwi picha. Ni mwiko, hata harusini, hata mtoto akizaliwa. Sasa nani angekubali kukaa mbele ya kamera? Mama yake Mkasi. Mama yule, ukimwambia kaa, ndio kwanza anasimama! Aliipa kamera kisogo, taa zikazimwa, akasema yote: nyumba yao ya sala iliyochomwa, watoto waliofukuzwa shule.

"Uso hawaupati," alimwambia bintiye. "Sauti wachukue."

Lakini sauti nayo humuumbua mtu. Studio ilikuwa na sheria: shahidi aliye hatarini hubadilishiwa sauti, kisha ile halisi hufutwa kabisa, isije ikaangukia mikononi mwa wahuni. Mkasi akaishusha sauti ya mama mpaka ikawa nzito, ya mwanamume mwenye mafua. Ile halisi akaifuta. Hakufikiri mara mbili. Kazi ni kazi.

Filamu haijatoka, mama akaanguka jikoni. Presha. Hata hospitali hawakufika.

Mkasi hakulia. Alipokea wageni, akaosha vikombe, akaitikia pole za watu. Bosi wake alimshika bega akasema, "Mama ameacha sauti yake duniani." Mkasi akamshukuru. Shangazi naye akanong'ona kwamba binti huyu ana moyo wa jiwe. Jiwe wapi! Kifuani palikuwa na ganzi tu, kama mguu uliokaliwa muda mrefu.

Wageni walipoondoka, mdogo wake, aliyekuwa hajamwona mama miaka mingi, akamsogelea.

"Dada, picha hatuna hata moja. Lakini sauti si unayo wewe? Tuwekee basi, tumsikie."

"Ipo ya filamu."

"Sasa unangoja nini?"

Mkasi akafungua kompyuta. Sauti nzito ikajaa sebuleni: "Sisi si wachawi. Na haya nayasema mimi mwenyewe, kwa kinywa changu."

Mdogo wake alingoja, kitambaa mkononi. Kisha akakunja uso. "Huyu mzee ni nani? Mama anaanza wapi?"

"Ndiye huyo."

"Acha utani, dada."

"Ndiye. Niliibadilisha wasimjue. Ile yake mwenyewe niliifuta."

Mdogo wake akaziba mdomo kwa kitambaa, akatoka nje analia kwa kwikwi. Mkasi akabaki kitini. Akairudisha mwanzo, akasikiliza tena, akitumaini safari hii machozi yatakuja. Yule mwanamume mwenye mafua akasema tena kwamba anasema kwa kinywa chake. Machozi hayakuja.